Mshenga Firdausi

Kasulu nzima ilijua kwamba Firdausi, fundi cherehani wa sokoni, ana mdomo. Mumewe Mansuri alimwacha kwa sababu hiyo, tena akaitaja mbele ya mashahidi: "Mdomo wake hauna mlango." Firdausi akaapa haolewi tena. Mdomo wenyewe akaufanya kazi, akawa mshenga. Wanaume, wenye kazi yao, walimpisha, maana hakuna mzazi aliyewahi kumshinda akiamua kuteremsha mahari.

Ndipo akaja Nurudini, mfuga nyuki wa Kitahana, aliyemletea asali mwaka mzima. Tangu afiwe na mkewe, Nurudini alisema kwa tabu. Firdausi aliongea kwa niaba ya wote wawili na, kiapo au si kiapo, alikuwa amempenda.

"Nataka mshenga," Nurudini akasema siku moja. "Jumamosi. Kibondo."

"Kwa nani?"

"Nitakuonyesha."

Firdausi akakubali, eti kazi ni kazi. Alipobaki peke yake alilia mpaka akashona mkono wa gauni kwenye shingo.

Jumamosi alinyamaza njia nzima, hata Nurudini akamuuliza kama anaumwa. Kibondo wakashuka, wakapita msikiti, na Nurudini akabisha hodi kwa Mzee Khatibu, baba mdogo wa Firdausi, aliyemlea. Mwanamke wa kuposwa nyumba hiyo haikuwa naye, ila Firdausi mwenyewe.

Wakaamkiana, wakakaa. "Haya, mshenga," akasema mzee, "mmeona ua gani humu?"

Firdausi akafungua mdomo, hakikutoka kitu. Kwa desturi mposaji hasemi, na mshenga akikwama, posa imekufa.

Nurudini akaivunja desturi. "Ua ni yeye, mzee. Mimi maneno sina. Nikatafuta mwenye maneno kuliko wote aje kuniombea, nikaona ni huyo huyo."

"Mdomo wake unaujua lakini?"

"Mwaka mzima naleta asali ili niusikie."

Firdausi akajifuta machozi kwa ncha ya mtandio. Mzee, kwa furaha, akataja mahari: ng'ombe watatu.

"Watatu!" Firdausi akaruka. "Wa nini, baba mdogo? Mwanamke mwenyewe ana miaka arobaini, ameshaachwa mara moja, na mdomo wake hauna mlango. Tunatoa mmoja, tena ndama!"