Mchezo wa Nne Uitwao Goma

Wananchi wapenzi, wageni waheshimiwa, nanyi mliokaa nyuma karibu na mlango ili mtoroke mapema: ijulikane kwamba siku ya Alhamisi, saa nane mchana, mtaani Majengo, mjini Goma, akili ya binadamu iliyashinda mauti.

Kwa usahihi zaidi, kompyuta ilikuwa imekwama, na Asma alikuwa akiipiga makofi ubavuni.

Asma alikuwa na miaka kumi na sita. Masista walikuwa wamefunga bweni katikati ya Januari, vita vilipokaribia mji, naye akarudi nyumbani na sanduku la bati, godoro, na elimu yote ambayo bweni humpa msichana: kukunja shuka pembe nne, kusimama kwa heshima huku akiwaza mandazi, na kubana kitunguu kwapani mpaka mwili upate joto na sista wa zahanati aandike siku mbili za mapumziko. Sasa ulikuwa mwezi wa kumi na bweni lilikuwa bado limefungwa.

Kompyuta ilikuwa ya kaka yake, Djibril. Michezo ya kompyuta, kwa wasiojua, haimridhishi mtu kama ilivyo. Watu huiongezea vitu vidogo viitwavyo modi: huyu anatia theluji, yule anabadilisha panga, mwingine analeta ng'ombe wa rangi ya samawati. Modi zikiwa nyingi hugombana. Ndiyo maana Djibril alikuwa na programu ya kuzipanga foleni, na sheria ya foleni hiyo ni kinyume cha ile ya bombani: anayeingia wa mwisho ndiye anayeshinda. Akisema ukuta ni mweusi, basi ni mweusi, hata kama kumi waliomtangulia walisema ni mweupe. Kila mchezo una foleni yake. Juu ya skrini, upande wa kushoto, kuna kisanduku cha kuchagulia mchezo. Ukichagua mwingine, foleni ya kwanza inafungwa yote na ya pili inafunguka. Mbili kwa pamoja haziwezekani.

Djibril aliacha humo michezo mitatu: ufalme wa majoka, jangwa lililobaki baada ya bomu, na shamba lenye matrekta. Huu wa tatu ulikuwa wa Muzee Védaste, jirani. Alikuwa mkulima wa Kibumba, ambako majeshi yalikuwa yamepita katika kabichi zake mara nyingi hata akaacha kuyahesabu. Kila alasiri aliingia, akavua kofia, akaketi mbele ya skrini na kukagua shamba.

"Hawa wanapanda kwa nafasi kubwa sana," alisema. "Hapo katikati mutu anaweza kuingiza mistari mingine miwili."

"Niwaandikie barua, muzee?"

"Waandikie. Na salamu zangu."

Asma aliunda mchezo wa nne ili kumfanyia mzaha Muzee Védaste. Aliuita Goma. Aliandika mafaili matupu, majina tu: Lava ya 2002, Waasi wa 2012, Lava ya 2021, Waasi wa 2025. Programu ilipouliza mchezo wenyewe umewekwa wapi, aliielekeza kwenye kabrasha la kazi zake za jiografia. Alitaka muzee afungue na kukuta picha ya Asma akitoa ulimi. Programu ilifikiri kidogo, ikakwama, ikapigwa makofi, kisha ikaandika: Mchezo umepatikana.

Asma aliondoa alama ya vema inayoliwasha faili la Lava ya 2002, na ukuta wa uani ukatoweka.

Goma hujengwa kwa kitu kile kile kilichoibomoa. Kuta, misingi, ngazi za msikiti, hata jiwe la kukalia mlangoni, vyote ni lava ya volkano iliyopoa. Mama yake Asma, Mama Kadidja, aliyekuwa akichambua maharage, aliinua uso.

"Asma! Nani ameondoa ukuta? Kuku watatoka."

"Ni mimi, mama."

"Rudisha."

Asma alirudisha. Kuku mmoja alibaki nje, akazunguka na kuingilia mlangoni. Asma akaondoa Lava ya 2021, na ufa ulioletwa na matetemeko ukajifunga juu ya kitanda. Akaondoa Waasi wa 2012, na Muzee Védaste akaacha kuchechemea. Alitembea mpaka chooni na kurudi bila fimbo, akasema mguu ni mwepesi leo. Ila jina la marehemu Dancille, mke wake, ambaye alikutana naye kambini mwaka ule ule, lilikuwa limemtoka kabisa. Alisimama katikati ya chumba akilitafuta. Asma alirudisha alama upesi, na muzee akashika fimbo yake na kushukuru.

Waasi wa 2025 hawakuondoka. Asma alitoa alama mara saba, na mara saba ilijirudisha.

Basi aliandika faili la tano. Aliliita Djibril.

Jumanne moja mwishoni mwa Januari, mapigano yalipokuwa mjini na mabomba yamekauka, Djibril aliazima chukudu ya Muzee Védaste, ile baiskeli nzito ya mbao iliyozoea kubeba kabichi, akafunga bidoni mbili za njano na kuteremka ziwani kuteka maji. Asma alikuwa kitandani na homa. Djibril hakurudi, wala bidoni hazikurudi. Muzee Védaste hajawahi kuulizia chukudu yake. Mama Kadidja naye hakuwa amesomesha arobaini, kwa sababu shehe alimwuliza kwa upole, "Mama, tumwombee kama mzima ao kama marehemu?" naye akaenda kuwasha jiko. Tangu siku hiyo alikuwa akipika sahani moja zaidi, na kila asubuhi aliwapa kuku.

Asma alilishika faili la Djibril, akalivuta chini, akalipita 2002, 2012, 2021, akaliweka mwisho kabisa, chini ya Waasi wa 2025.

Saa kumi na moja jioni Djibril aliingia uani akisukuma chukudu.

"Umechelewa," alisema Mama Kadidja.

"Foleni, mama. Ziwani watu ni wengi mno."

Alishusha bidoni. Zilikuwa zimejaa. Muzee Védaste aliinama, akapapasa gurudumu la mbele.

"Umepitisha kwenye mawe."

"Pole, muzee. Barabara ilifungwa."

"Hakuna neno. Mpira wake ulikuwa umekwisha."

Djibril aliweka mgongo wa mkono wake, baridi kwa maji, juu ya paji la uso la Asma. "Homa imepungua?"

"Imepungua," alisema Asma.

Djibril alikunywa chai. Alikuwa amevaa fulana ile ile ya Jumanne na alikula ile sahani ya ziada yote. Ndipo Mama Kadidja akaliuliza lile ambalo alikuwa amelibeba miezi tisa.

"Mutoto wangu, ile siku, ni nani alikusimamisha njiani?"

Djibril alifungua kinywa. Kwenye skrini ilitokea alama nyekundu: Djibril anahitaji faili lisilopatikana. Jina la faili lilikuwa Jumanne. Mama Kadidja alisimama mbele ya maandishi hayo kwa muda mrefu kuliko yalivyohitaji kusomwa. Djibril alifunga kinywa, akaomba sukari.

Magharibi ilipokaribia Muzee Védaste alikohoa kidogo, akasema hataki kusumbua, lakini kabichi zake hazijaangaliwa tangu jana. Asma alibadili mchezo. Matrekta yalifunguka, na kikombe cha Djibril kikabaki mezani, nusu, chenye moto bado. Djibril hakuwapo, wala chukudu. Muzee alitazama mlangoni pale ilipokuwa imeegemezwa, kisha akazigeukia kabichi.

Kesho yake, Asma alipoirudisha Goma, programu ilikuwa imejipangia yenyewe foleni: Waasi wa 2025 walikuwa tena wa mwisho na Djibril alikuwa juu yao. Alimvuta chini upya. Saa kumi na moja aliingia na maji.

Siku ya tatu mama na binti walikwenda biro, yaani ofisi ya serikali, kuomba Jumanne. Karani aliitwa Achille, mtu mwenye adabu na tai. Aliwapa viti, akafungua daftari kubwa la matukio, akafuatisha kwa kidole. Jumatatu ilikuwapo. Baada ya Jumatatu ilikuja Jumatano.

"Na Jumanne?" aliuliza Mama Kadidja.

"Hiyo hatukuipokea, mama."

"Hamkuipokea namna gani? Sisi tuliishi ndani yake."

"Ninyi, ndiyo. Biro haikuipokea. Wakubwa wa kwanza walikuwa wamekwenda, wa sasa walikuwa hawajafika. Hakukuwa na mutu wa kupiga muhuri."

"Na mutoto wangu?"

"Mama, sheria haimruhusu mutu kupotea siku ambayo haiko." Achille alisema hivyo kwa huzuni, akalifunga daftari taratibu ili lisitoe kelele. "Hata mimi. Muke wangu alijifungua ile Jumanne. Mutoto ana miezi tisa na hajamaliza hata siku moja. Tunambeba vile alivyozaliwa, na kamba ya kitovu haijadondoka."

"Ananyonya?"

"Ananyonya vizuri, aksanti."

"Mungu amkuze," alisema Mama Kadidja, na karani akawasindikiza mpaka mlangoni.

Tangu hapo mambo yalipata utaratibu. Mchana ni matrekta. Saa kumi na nusu Asma hubadili mchezo na kumvuta Djibril chini ya foleni. Saa kumi na moja maji hufika. Magharibi matrekta hurudi. Maji hayo hubaki, nayo ni mazuri. Majirani hutuma watoto na sufuria. Hakuna anayeuliza yametoka wapi, kwa sababu wote wanamjua Djibril. Shehe alipita siku moja wakati wa chai, akamsalimia, akarudi zake bila kuuliza tena swali lake.

Hapa ndipo hadithi hii ilipokusudiwa kwisha, kwa hekima fulani kuhusu maji. Msimulizi alikuwa ameshaitafuta na ilikuwa nzuri sana. Lakini hadithi imeandikwa kwenye kompyuta hii hii, na Mama Kadidja amesimama nyuma ya kiti, akisoma polepole, kidole chake kikigusa skrini.

"Hapa umedanganya," amesema.

"Wapi, mama?"

"Ile alama nyekundu. Ilitaja mafaili mawili. Wewe umeandika moja."

"Lilikuwa moja."

"Mutoto, mimi nilifika sixième, darasa la sita. Mpaka mbili ninajua kuhesabu. La pili liliandikwa nini?"

La pili liliandikwa Kitunguu.

Asma hakuwa na homa. Ile Jumanne zamu ya maji ilikuwa yake, ziwa lilikuwa mbali, risasi zilikuwa zinalia upande wa uwanja wa ndege, naye alichukua kitunguu jikoni akakibana kwapani kama alivyofundishwa na wakubwa wa bweni. Mama alimgusa, akamkuta ana moto. Djibril akasema, "Aache alale, nitaenda mimi." Na huyo Asma, ambaye nimemsema tangu mwanzo kama mtoto wa jirani, ni mimi.

Mama amesoma mpaka hapo. Amekwenda jikoni na nimemsikia akisogeza kapu la vitunguu, kisha akilirudisha mahali pake.

Nimeandika faili la Kitunguu na kuliweka kwenye foleni. Programu imelipokea mara moja.

Leo saa kumi na moja Djibril ameingia, ameshusha bidoni, ameweka mkono kwenye paji la uso wangu.

"Homa imepungua?"

"Sikuwa na homa, kaka."

"Ninajua," amesema. "Ulikuwa unanuka kitunguu mpaka mlangoni."

Kisha ameketi. Mama amemmiminia chai, na amemwuliza tena ni nani alimsimamisha njiani. Djibril amefungua kinywa. Alama nyekundu imetokea, safari hii fupi zaidi, inaomba faili moja tu: Jumanne.

Mama amemsogezea sukari kabla hajaiomba.