Asante kwa Siku Ile

"Kata hapo hapo," Staffan alisema. "Mzee kamaliza maneno yake, sasa unangoja nini? Treni ya Uppsala?"

Gunvor hakukata. Aliurudisha mkanda nyuma kwa mkono wenye glavu nyeupe, akauachia tena. Kwenye kioo kidogo cha meza ya kuhariria, mwigizaji mzee Halvar alimaliza kusema. Sauti ya Staffan mwenyewe, mwongozaji wa filamu, ikasikika ikiamuru kamera izimwe, lakini mpiga picha alichelewa. Halvar akadhani haonekani tena. Uso ukamshuka. Akageukia kando, kwenye kiti alichozoea kukalia mkewe akifuma soksi kila filamu, akakikuta kitupu. Mkewe walikuwa wamemzika majira yale ya vuli.

"Hiyo ni takataka ya mwisho wa mkanda," Staffan alisema.

"Hiyo ndiyo filamu yako."

"Haya, iache. Lakini siku ya uzinduzi Halvar akinung'unika neno moja tu, inatoka. Na lawama ni yako."

Akaenda zake kunywa kahawa. Gunvor alibaki na vipande vya mkanda vilivyoning'inia ukutani kama nguo za kuanika.

Tangu ujana wake alikuwa akiuhariri uso ule. Alijua jinsi Halvar anavyovuta pumzi kabla ya kudanganya, alijua jino lililomsumbua mwaka mzima. Mvi za mzee yule zilianzia mikononi mwake. Naye Halvar hakuwahi kumwona hata kisigino. Ndiyo kazi yenyewe: ukiifanya vizuri, hakuna anayejua kama upo. Lakini jamani, upweke ule! Kuna majira ya baridi ambayo Gunvor hakuwa na mtu wa kumtazama usoni ila Halvar, na Halvar wake alikuwa mkanda.

Siku ya uzinduzi ilikuwa Februari, Stockholm nzima inakohoa. Ukumbini Staffan alimshika mzee bega.

"Halvar, huyu ndiye Gunvor, anayetukata sote!"

Mzee akanyoosha mkono. Gunvor akaupokea, na kabla hajajizuia, neno likamtoka: "Asante kwa siku ile!"

Maneno hayo kwao huambiwa mtu uliyekula au kuketi naye karibuni, mnapokutana tena. Usipoyasema umekosa adabu. Na Gunvor juzijuzi tu alikuwa ameshinda naye, kwenye mkanda.

Halvar akakunja uso. "Samahani... tuliwahi kukutana?"

"Hapana. Hatujawahi."

"Ala, Gunvor!" Staffan akacheka hadi mvinyo ukamwagika. "Unamshukuru kwa karamu gani?"

Gunvor alitamani ardhi ipasuke. Akakimbilia kiti chake cha nyuma, karibu na mlango, na filamu ilipoanza hakuitazama. Alitazama kisogo cha Halvar. Kile kiti kitupu kilipofika, ukumbi uliacha kukohoa. Kisogo kikainama, mzee akajifunika macho kwa kiganja.

Nimemwibia, Gunvor alijiambia. Nimemuanika mgane wa watu hadharani.

Taa zilipowaka alijipanga kwenye foleni ya makoti, namba yake mkononi. Staffan alisimama pembeni, akingoja neno lile moja. Halvar, koti lake mkononi, akaja moja kwa moja akikatiza foleni, jambo ambalo watu wale hawalisamehe.

"Foleni, bwana!" mtu akafoka.

Halvar hakumsikia. "Kiti chake," alimwambia Gunvor. "Ulikiona."

"Siku zote nilikuwa najua yupo. Sindano zake zilikuwa zinaingia kwenye sauti. Tik, tik, tik. Kila filamu nilikuwa nazitoa."

"Alikuwa hakatazeki yule." Mzee akacheka. Staffan alisogea. Halvar hakumtazama. Alivaa kofia, akamwinamia Gunvor kidogo.

"Asante kwa siku ile," akasema, akaondoka.

Jibu lake ni "Nawe asante". Hata mtoto mdogo analijua. Lakini Gunvor alichelewa, na alipofungua kinywa, mlango ulikuwa umeshajifunga na nje theluji inaanguka. Akalisema hivyo hivyo, taratibu, kuelekea mlangoni. Mwenye makoti alikuwa akiita namba yake kwa mara ya pili.