Kura ya Tatu

Jaji Sylvestre alikuwa amebakiza wiki tatu tu astaafu pale Inamahoro alipokuja nyumbani kwake, mtaa wa Kilibula mjini Uvira, kumuuliza swali moja. Katika miaka thelathini na moja ya kuwauliza watu wengine maswali, hakuwahi kuogopa swali kama hilo.

Alimtambua tangu langoni. Miaka mitatu nyuma, mama huyu alikalia benchi la mbele mahakamani siku zote saba za kesi, wala hakulia hata siku moja. Mwanawe Irakoze, mkulima wa mpunga wa Runingu, alishtakiwa kwa kumuua jirani yake kwa panga wakigombania zamu ya maji ya shamba. Shahidi alikuwa mmoja tu. Aliona, jioni, kwa mbali, mtu mwenye koti la mvua la njano akikimbia. Irakoze alikuwa na koti la njano. Lakini nani hakuwa nalo? Baada ya mafuriko, shirika moja liligawa makoti mia mbili ya aina hiyo, na Runingu nzima ikawa ya njano kama vifaranga.

Sasa, majaji wakijifungia kushauriana huwa watatu, na anayeanza kusema ni mdogo wao, ili asije akajificha nyuma ya mkubwa. Jaji Merdi, kijana wa mwaka wa pili kazini, alisema ana hatia. Jaji Amandine naye akasema ana hatia. Nje umati ulikuwa unapiga kelele, na Sylvestre hakujua kama waliosema ni wao au ni kelele zile. Yeye, mkuu wa kikao, alisema hana hatia. Koti si uso wa mtu. Alibishana, aliomba, alipiga meza hadi chai ikamwagika. Wapi! Wengi wape, usipowapa watajitwalia wenyewe.

Na sheria ikamwongezea mzigo wake: hukumu husomwa na mkuu wa kikao, kwa sauti, kama neno la wote watatu. Nani alikubali na nani alikataa, hilo halitoki chumbani mle mpaka kaburini, ndicho kiapo. Akasoma miaka kumi na mitano, bila kutetemeka, maana ndivyo alivyofundishwa. Faili la rufaa lilikuwa bado linasubiri kwenye mahakama ya juu huko Bukavu kipindupindu kilipoingia gerezani. Irakoze aliugua siku mbili, akafa.

Watu humwona jaji na joho lake jeusi wakadhani mwenzao amepata. Amepata nini? Sylvestre ni mtoto wa Uvira, amevua ndagala na babake katika ziwa hili hili, lakini tangu aapishwe hakwenda tena sokoni kununua samaki. Muuzaji akimwongezea kiganja kimoja, na kesho ana kesi, itakuwaje? Harusini hagusi chakula. Matangani hukaa mwisho na kuondoka mapema. Marafiki walipungua mmoja mmoja mpaka akabaki na mkewe Generose na redio. Aliyavumilia yote hayo kwa sababu alijua analinda kitu. Siku ile Inamahoro alipokuja, hakuwa na hakika tena.

Generose alileta kiti na maji, kisha akaingia ndani. Inamahoro hakuyagusa maji.

"Mzee juge," alisema, "minye sikukuya kuleta matata. Mutoto alishakufa. Niko na ulizo moja tu. Ile siku ulimuangalia mutoto wangu mu macho. Na weye uliona ni muuaji?"

Jibu lilikuwa tayari mdomoni. Hapana, mama. Maneno mawili tu, na mwanamke huyu angerudi nyumbani akijua kwamba mtu mmoja mwenye joho alimwamini mwanawe. Lakini watatu ukitoa mmoja wanabaki wawili, hesabu hiyo hata mtoto anaijua. Merdi alikaa barabara ya tatu kutoka hapo, mkewe mjamzito, na kaka zake Irakoze hawakuwa watu wa kusahau. Tena jaji mdogo wa kesho atasemaje lililo moyoni mwake, akijua mkubwa wake atakuja kulianika barazani? Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Sylvestre alishazika watoto wake wawili, aliujua.

"Mama Irakoze," akasema hatimaye, "ile yenye tulisema mule ndani, siwezi kuitosha inje. Hata kwako."

"Hata kama mutoto alikufa?"

"Hata kama."

 Inamahoro akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyekwisha jibiwa.

"Basi ni vile. Padri aliniambia siwezi kupokea komunyo na kinyongo mu roho. Bale benzako babiri nilibasamehe kitambo. Ile siku balikuwa banaangalia chini, niliona haya yabo. Lakini weye ulisoma na sauti ya nguvu, haukutetemeka. Ni weye peke yako nilishindwa kusamehe. Miaka tatu yote."

Inamahoro akainuka kitini. 

"Leo nimekusamehe," akasema Inamahoro, akanyoosha mkono. "Sema hata asante."

Mkono ule ulikuwa mgumu kwa jembe. Sylvestre aliupokea kwa mikono yake miwili, akainamisha kichwa, na machozi yakamtoka mbele ya mtu mgeni kwa mara ya kwanza tangu avae joho.

"Asante, mama," akasema. "Asante kwa kunisamehe."

Inamahoro aliyaona machozi yale, akayachukua kuwa ni toba ya mtu aliyemfunga mwanawe. Akampigapiga begani, akamwambia Mungu naye atamsamehe, kisha akatoka kwenda kutafuta gari la Runingu.