Ukuta Ulionona

Mwaka uliofuata Uhuru, Swabaha akiwa amewekwa ndani kungoja harusi yake, somo yake, yaani kungwi wake, Bi Mwanakhamis alipanda ngazi za nyumba ya Kibokoni na sinia la mkate wa mofa, samli na asali. Akakuta mlango wa chumba umepungua upana. Aliingia kwa ubavu, bila kumwaga kitu.

Mwali alikuwa mwembamba vilevile. Shangazi wa bwana harusi, Bi Sheikha, ndiye aliyeagiza anoneshwe, kwani kwao mifupa haiolewi. Lakini kila tonge lilipomshuka Swabaha, unene ulikwenda ukutani. Mji wa Kale umezoea kuta zinazovimba kwa chumvi. Huu ulivimba kwa samli, basi. Ukiubonyeza, ulirudi polepole kama shavu la mtoto.

"Alhamdulillahi, samli haikupotea," alisema Bi Mwanakhamis akiupapasa. "Kula, mwanangu."

Swabaha akala, akatapika, akala tena. Kufikia Alhamisi kuta zilikibana kitanda hata kikalia, na yeye akawa avuta pumzi kwa shida. Sinia halikupita tena mlangoni.

Mamake, Bi Mwanaesha, alikuwa mnene tangu utotoni, na kwa kutembea hakuna msichana aliyemuweza. Alisimama nje ya mlango, akamwita bintiye aje.

"Ndoo, mamangu. Toka."

"Na Bi Sheikha je?"

"Bi Sheikha hakukuzaa. Mimi Mungu kanipa mwili wangu, nawe kakupa wako. Ndoo tukapunge upepo."

Wembamba uliolaumiwa ndio uliompitisha. Wakavaa mabuibui, wakaenda hadi Ngomeni na kurudi, mwali asiyepaswa kutoka na mamake, na majirani wakaona haya kwa niaba yao. Swabaha alirudi na njaa ya kweli. Alikula wali, mchicha na samaki wa kupaka, akashiba, akaacha. Hakuna aliyemsukumia tonge. Usiku ule alilala kifua kimefunguka kwa pumzi, akacheka peke yake kwa raha.

Kuta zilinywea siku baada ya siku. Harusini, bwana harusi Taib alimshika mkono mkewe, akauona ni mkono mzuri.

Bi Sheikha alikuja kuitazama nyumba. Aliupapasa ukuta uliopwaya, akasikitika, kisha akamgeukia Nana, mdogo wake Swabaha.

"Huyu nimemtakia mpwa wangu mwengine," alisema. "Yeye muwekeni chumba cha chini. Kile ni kipana."