Nipe Mji

Saa nane mchana, jua likiwa limelikalia paa la bati, Semeni anajilaza mkekani na kujifunika uso kwa kitabu. Ni siku ya hamsini na tatu ya eda. Halii. Tangu wamzike Kibwana hajalia vizuri, amekuwa kama mguu uliokaliwa ukafa ganzi, unauona ni wako lakini ukiugusa hausemi kitu. Kitabu alichojifunika kinaitwa Jini wa Solo, na hakina ukurasa wa mwisho. Hakuna kitabu cha Kibwana chenye ukurasa wa mwisho. Mumewe huyo alikuwa na kibanda cha kuazimisha vitabu hapa Ifakara, vile vya mapenzi na majini na waganga wa siku hizi wanaopiga ramli kwa simu, na kila kitabu kipya kilipoingia aliukata ukurasa wa mwisho kwa wembe, akausoma mara moja, akauchoma. Msomaji akifika mwisho ilimbidi arudi kibandani asimuliwe. Mwisho uko kwangu, ndivyo alivyokuwa akisema, huku akipunguza redio yake ya muziki wa dansi ili asikike. Watu walimtukana, wakacheka, wakarudi. Sasa ameondoka na miisho yote, na wateja bado wanapiga hodi nyumbani. Jini wa Solo ndicho Semeni alichokuwa akimsomea kitandani wiki ile ya mwisho. Alipofika pale binti Zamda anapokwenda kwa mganga ili amrudishie mpenzi wake, mpiga gita aliyekufa, alifunga kitabu akauliza, je, anarudi? Kibwana akasema, wewe kula kwanza, nitakwambia Ijumaa. Akafa Alhamisi.

Karatasi zinanuka vumbi na udi. Semeni anavuta pumzi, na anapoitoa kitabu kimekuwa kirefu kuliko uso wake, kimekuwa paa, kurasa zimeshuka huku na huku kama paa la kibanda, na katikati, pale uzi unapozishona, kuna njia. Anainuka na kuishika. Hashangai. Njia ni nyeupe na pembeni yake maneno yamesimama kama uzio, na anapofika mwisho wa mstari njia inageuka na kumrudisha upande alikotoka, hatua chache chini zaidi, kisha inageuka tena, ikawa anakwenda na kurudi, anakwenda na kurudi, na kila anaporudi yuko mbele kidogo. Mbali kuna mji. Mabango yake yote yameandikwa kinyume, kana kwamba mtu anayasoma kwa nyuma ya karatasi, na milango inafungukia upande usio wake, na watu wanasalimiana kwa mkono wa kushoto. Juu ya kila nguzo kuna spika, na katika kila spika linapigwa gita lile lile, solo moja inayopanda, inapanda, halafu kabla ya kushuka inaanza upya. Semeni anaijua. Ndiyo iliyokuwa redioni kila jioni Kibwana akifunga kibanda.

Chini ya nguzo ya mwisho amekaa mtu mwenye suti ya kijivu na simu sita zinazoning'inia shingoni kama hirizi. Hana uso. Semeni anamtambua papo hapo, ni mganga aliyechorwa kwenye jalada, na uso wake umefutwa na vidole gumba vya wasomaji, miaka yote hiyo ya kukishika kitabu mahali pale pale. Karibu bibie, anasema mganga, na sauti inatoka katika simu mojawapo, haijulikani ipi. Umekuja mikono mitupu, hata kuku huna. Sikuja kutibiwa, anasema Semeni, nimekuja kuuliza mwisho. Mganga anacheka kwa simu mbili. Wote wanakuja kuuliza mwisho, anasema, hakuna hata mmoja aliyewahi kuja kuniuliza mimi nimeamkaje. Umeamkaje? anauliza Semeni. Vibaya, asante. Kitendawili.

Semeni anajibu kabla hajafikiri, kama alivyojibu kila mtoto aliyewahi kukaa jikoni kwa bibi yake. Tega.

Naufungua mlango wangu kwa mate ya kidole, nikishaingia ninautafuta mwingine.

Ni kitu chepesi. Semeni anajua kuwa ni chepesi, anakiona kabisa jinsi Kibwana alivyokuwa akilamba kidole kabla ya kufunua, lakini ganzi imempanda mpaka ulimini na jibu halitoki. Mganga anasubiri, halafu anasema neno linalofuata siku zote mtu akishindwa. Nipe mji. Na hapo Semeni anafanya kama wafanyavyo watu wote, anatoa mji wa mbali usiomhusu. Nakupa Mombasa. Si wako huo, anasema mganga, hujawahi kulala Mombasa hata usiku mmoja, unanipa mali ya watu? Nipe ulikokaa. Basi Semeni anataja jina la kwanza linalomjia. Nakupa Kilosa. Na linapotoka mdomoni linatoka na vitu vyake vyote, stesheni ya treni, Kibwana na shati lake la kijani akibeba sanduku la vitabu kichwani, kadhi aliyekohoa katikati ya hotuba ya ndoa, bendi ya harusini iliyopiga bila mpiga ngoma kwa sababu alikuwa na homa, na Kibwana akamshika mkono akamwambia, sikiliza miguu yangu mimi, ndiyo ngoma yako. Vyote vinapita mbele yake kama abiria wanaoshuka, na wa mwisho anapofunga mlango hakuna kitu. Mganga anainama kama anayeweka kitu mfukoni. Nimekwenda Kilosa, anasema, nimekula, nimenywa, nimeoa. Jibu ni ukurasa. Na kwenye ukuta wa mji mlango unafunguka.

Wanaingia. Semeni anatembea nyuma ya suti ya kijivu na anagundua kwamba amekuwa mwepesi. Kulikuwa na mzigo upande mmoja, sasa haupo, na hakumbuki ulikuwa mzigo gani. Si vibaya. Anawaza kuwa mtu akitoa miji ya kutosha anaweza kutembea hivi hivi mpaka mwisho wa barabara, bila kuumia popote. Gita sasa linasikika karibu, si la spika tena, kuna mtu analipiga nyuma ya nyumba hizi. Kitendawili, anasema mganga bila kugeuka, ingawa kwake kugeuka na kutogeuka ni mamoja. Tega. Watoto wangu sita kitanda kimoja, nikimgusa mmoja analia, nikiwaacha wamekufa. Semeni analisikia jibu kwa masikio yake na bado haliwezi. Nipe mji. Nakupa Korogwe, anasema, na chumba chao cha kupanga kinachovuja kinaondoka, na masufuria yaliyopangwa chini ya matone, na Kibwana akiyahamisha ili matone yatoe sauti ya besi na ridhim, na mimba ile iliyotoka mvua ikinyesha, na mkono wa Kibwana mgongoni mwake usiku wote bila neno. Nimekwenda Korogwe, anasema mganga, mvua imeninyeshea. Jibu ni gita. Nyumba zinasogea pembeni kama pazia.

Kuna jukwaa dogo, na juu yake mtu mmoja amekaa kwenye kiti akiwapa mgongo. Anapiga. Shati lake ni la kijani, na Semeni anajiuliza kwa nini rangi ile imsumbue. Pembeni ya jukwaa amesimama Zamda, binti wa kitabuni, kanga imekaa vizuri, anasubiri jinsi alivyoachwa akisubiri pale wembe ulipopita. Shikamoo dada, anasema Zamda. Marahaba. Umechelewa, mimi nimesimama hapa tangu kitabu kilipochapwa, miguu imevimba. Yeye ndiye wako au ni wangu? anauliza Semeni. Zamda anainua mabega. Hajawahi kugeuka nikamwona.

Cha mwisho hiki, anasema mganga, na simu zote sita zinasema pamoja. Akigeuka hadithi imekwisha, asipogeuka haiishi. Nani? Semeni anaweza kusema mpiga gita wa Zamda, anaweza kusema Kibwana, na yote mawili yanaweza kuwa kosa. Nipe mji, anasema mganga, umebaki na mmoja tu, nipe Ifakara, nami namgeuza sasa hivi, umwone macho kwa macho, akwambie mwisho kwa kinywa chake. Mdomo wa Semeni unafunguka. Ni neno moja tu. Analishika ulimini na kulipima, na ndani yake anakuta kibanda, redio iliyofungwa kwa mpira wa baiskeli, harufu ya wembe na karatasi iliyoungua, sahani ya wali, kula kwanza, nitakwambia Ijumaa. Anajaribu kurudi nyuma zaidi, siku walipooana. Anakuta karatasi nyeupe. Anarudi tena, anakuta nyeupe nyingine. Anautazama mgongo ule wenye shati la kijani.

Nikikupa Ifakara, anasema taratibu, akigeuka nitamjuaje?

Gita linakatika. Semeni hakukusudia kumtega mganga, ameuliza tu, lakini simu sita zimenyamaza na ule uso usiokuwepo umeinama, na polepole anaelewa kwamba aliyeshindwa sasa ni mganga. Hujui? anauliza. Sijui, anasema mganga, na kwa mara ya kwanza sauti inatoka kifuani mwake, nyembamba kama ya mtu wa kawaida. Basi nipe mji, anasema Semeni. Sina mji wangu bibie, mimi ni wa jaladani. Ninayo hiyo miwili uliyonipa, na kitendawili ni kimoja, mji ni mmoja. Nakupa

Wewe Semeni, utalala na kitabu usoni kama maiti mpaka lini? Wifi yake Mwanaheri, dada wa marehemu, amesimama juu yake na kanga mkononi. Kuna mtu mlangoni, Asteria yule fundi cherehani. Anasema toka juzi anashona mikono ya magauni kinyume kwa mawazo, anataka kujua binti alimpata mtu wake au hakumpata. Nimemwambia mwenye miisho tumemzika, hasikii. Semeni anakaa. Mgongo umelowa jasho. Nje redio ya jirani inapiga gita, linapanda, linapanda. Wifi, anasema, kuna mji tulikokuwa tukiweka masufuria chini ya matone. Korogwe, anasema Mwanaheri, nilikuja kukuuguza, umesahau? Hapana, nakumbuka, mkono wake ulikuwa hapa. Anajigusa mgongo, na mgongo unauma, na machozi yanatoka bila kelele, kama kitu kilichokuwa kikisubiri zamu. Na Kilosa? anauliza. Mwanaheri anachuchumaa kando yake. Semeni mdogo wangu, Kilosa ndiko mlikooana.

Anatafuta. Kuna jina, kama bango, na nyuma ya bango hakuna kitu. Labda ni majonzi, watu husahau. Mlangoni amesimama mtu, jua likiwa nyuma yake, uso hauonekani, na kitabu kiko kwapani. Mkono unaoinuka kumsalimu ni wa kushoto, lakini huenda ni kwa sababu ya kitabu. Pole dada kwa msiba, anasema mtu yule, nimeishia pale anaposubiri jukwaani. Je, anageuka?

Semeni anafuta macho kwa kanga. Analamba kidole, kama vile kuna ukurasa.

Ingia ukae, anasema. Mwisho uko kwangu.