Ulimchinjia Kuku

"Nyanyua mkono wa kulia," karani alisema.

Dorika aliunyanyua, ukaishia kifuani. Panga la shemeji yake lilikuwa limeukata mwezi wa pili, katika shamba la alizeti aliloachiwa na marehemu mumewe, na tangu hapo kiwiko kiligoma kukunjuka. Karani akamkodolea macho kana kwamba anafanya makusudi. Dorika akaapa kwa mkono wa kushoto.

Shemeji mwenyewe, Nathan, alikuwa kizimbani na shati lililopigwa pasi. Alikuwa nje kwa dhamana, kwa sharti kwamba asikanyage kwa Dorika wala asizungumze na shahidi pekee aliyeona panga likishuka, naye ni Aneth, binti wa Dorika wa miaka kumi na mitatu. Alikanyaga, na alizungumza. Leo Serikali ilikuwa inaomba dhamana hiyo ifutwe, akae mahabusu mpaka mtoto atoe ushahidi. Dorika hakuwa na haja nyingine duniani.

"Alikuja Jumapili mchana na wazee wawili wa ukoo," alieleza. "Akasema mbele yao, huyu mtoto akifungua mdomo mahakamani, mtamwokota porini."

"Wazee walisemaje?" wakili wa Serikali aliuliza.

"Waliangalia chini."

Wakili wa Nathan akasimama. Alikuwa kijana mwenye sauti ya upole, na upole wake ulikuwa wa kuchukiza.

"Pole kwa mkono, mama. Hao wageni uliwafukuza?"

"Hapana."

"Uliwapa nini?"

"Ugali."

"Mkavu?"

"Na kuku."

Watu wakacheka.

"Nani alichinja?"

"Aneth. Mimi mkono hauna nguvu."

"Aneth huyu huyu aliyetishiwa kuuawa?"

Alitaka kueleza kwamba kupika si kupenda. Wazee wa ukoo wakishaketi kwako, hata wawe wamemleta shetani, hawaondoki na njaa. Ukiwaacha waondoke hivyo, siku ya msiba wako utachimba kaburi peke yako. Kila mtu mle ndani alilijua hilo. Hakimu naye alilijua, maana alikulia miguuni pa wazee kama hao.

"Mheshimiwa, wazee wakishaketi..."

"Jibu swali, mama," hakimu alisema.

"Ndiyo. Ni yeye."

Mzee Abraham, mmoja wa wale wawili, akaitwa. Yeye mkono wake ulinyanyuka mpaka juu. Akaapa kwamba walikwenda kutafuta suluhu, wakakaribishwa vizuri, wakala, wakanawa, wakaaga. Vitisho hakusikia. Paja la yule kuku lilikuwa limekwenda kwake.

Hakimu aliandika kwa muda mrefu, kisha akasoma bila kuinua macho. Dhamana ni haki ya mshtakiwa, alisema, haifutwi kwa hofu tupu. Ni kweli mshtakiwa alifika asikotakiwa kufika, lakini alikwenda na wazee, kwa nia ya amani, na mahakama inampa onyo. "Tena mtu hamchinjii kuku mtu anayemwogopa."

Dorika akajiuliza, kwani kuku huchinjiwa nani mwingine?

Kesi ikaahirishwa mpaka mwezi ujao. Dhamana inaendelea.

Aneth alikuwa nje barazani, kwenye benchi la mashahidi, amebana mikono katikati ya magoti. Nathan alimwendea moja kwa moja na hakuna aliyemzuia. Akasimama mbele yake, akasubiri. Mtoto alimtazama mama yake.

Mwezi mzima, Dorika aliwaza. Mwezi mzima wa kuchota maji, wa kwenda shule na kurudi, njia moja tu, na nyumba ya Nathan iko kandokando ya njia hiyo.

"Msalimie baba yako mkubwa," alisema.

"Shikamoo, baba mkubwa."

"Marahaba, mwanangu." Nathan aliweka kiganja juu ya kichwa cha mtoto, akakiacha hapo hapo. "Wiki ijayo uje kwangu, utusaidie kupepeta alizeti."

"Ndiyo, baba mkubwa."

Askari wa mlangoni alikuwa anawaangalia, akatabasamu kwa kuridhika. "Ndugu ndivyo mnavyotakiwa kuishi," alisema, kisha akaita jina la shahidi wa kesi nyingine.