Samurai wa Chooni

Bibi Tsuyako Nejime alikuwa na mdomo usio na breki, na mji mzima wa Hayase ulilijua hilo. Wageni waliokuja kutembezwa mtaa wa samurai walimpenda kwa sababu ileile iliyowafanya wenye nyumba wamwogope. Waongozaji wenzake wakifika kwenye lango la mawe husema, "Hapa aliishi shujaa, mtumishi mwaminifu wa bwana wake." Tsuyako akifika palepale husema, "Hapa aliishi mtu mwenye panga mbili kiunoni na hana hata kibaba cha mchele. Panga hazipikiki, ingawa mkewe alitamani kujaribu."

Wageni hucheka. Lakini vitukuu wa hao mashujaa bado wanaishi humohumo, wanaanika nguo zao uani, asubuhi wanafungua bustani watu waingie watazame, na masikio wanayo. Juzijuzi mmoja wao alikwenda kumshitaki kwenye chama cha waongozaji. Mwenyekiti wa chama, Bwana Moriguchi, mtu wa tai na sauti laini, akamwita Tsuyako, akamkaribisha chai, akamwambia:

"Mama Nejime, tunakuheshimu sana. Ila likija lalamiko jingine, hata moja, itabidi tukupumzishe. Utakaa pale kwenye maegesho ya magari ugawe ramani."

Kugawa ramani! Chai ilimpalia. Tangu mumewe afariki, nyumbani kwake Tsuyako alikuwa akiongea na redio na sufuria ya umeme ya kupikia wali, na katika hao wawili hakuna aliyewahi kumcheka. Yale matembezi ya nusu siku, bustani tatu na baadaye tambi za soba, ndiyo yaliyokuwa yakimtoa kitandani. Akarudi nyumbani ameapa kwamba kuanzia sasa atasema vizuri, kama kitabu cha shule.

Kundi alilopewa baada ya kiapo hicho lilitoka Osaka, na watu wa Osaka kwa utani, mungu wao anawajua. Kiongozi wao alikuwa mama mmoja mwenye saluni, jina lake Hisano, nywele zake rangi ya zambarau, sauti yake ya kuuzia samaki. Alikuja na mumewe, Teruo, mtu mnene asiyesema kitu, na majirani zao wa mtaa mmoja.

"Bibi, huu mtaa mbona umepinda hivi?" Hisano akauliza hata kabla hawajaanza kutembea. "Fundi alikuwa amelewa?"

Tsuyako akameza jibu lake. "Ulipindwa ili adui akija asione mbele," akasema kwa adabu.

"Ahaa! Na sisi je, tutaona mbele?"

"Mbele kuna choo cha wageni, mama, mkono wa kushoto."

Bustani ya kwanza akaieleza kama anasoma hotuba ya mazishi. Hapa kuna mchanga uliochorwa kwa reki kuwa mawimbi, pale kuna mawe ambayo ni visiwa. Ya pili vivyo hivyo. Teruo akapiga miayo mpaka machozi yakamtoka. Jirani mmoja akavua viatu, akaketi barazani akaanza kusoma simu yake. Hisano akamsogelea Tsuyako, akamnong'oneza, na mnong'ono wake ulisikika mpaka nyumba ya tatu:

"Bibi, kinyozi wangu wa zamani alikuja hapa mwaka jana. Akatuambia tumtafute bibi mfupi mwenye kofia ya ukindu, tutavunjika mbavu. Ni wewe au una dada yako?"

"Ni mimi."

"Basi unaumwa?"

Tsuyako akaongoza njia. Alikuwa anawaza bustani ya tatu.

Bustani ya tatu ilikuwa ya Mzee Arimura, na ndiyo bustani yenyewe. Zile mbili za mwanzo ni mchanga na mawe, lakini kwa Arimura kuna bwawa la maji ya kweli, vilima viwili, na ua wa michai uliokatwa ukafanana na milima inayofuatana. Pasipo hapo, matembezi si matembezi, ni kutembea tu. Sasa, wiki iliyopita, siku chache kabla ya kuitwa na mwenyekiti, Tsuyako alikuwa amesimama langoni kwa Arimura, karibu na kile choo cha zamani, akatoa kisa ambacho hata yeye mwenyewe alikisikitikia usiku.

Nyumba za mtaa ule zote zilijengewa choo langoni. Samurai alikuwa akichuchumaa mle kimya, wageni wake wanaondoka, yeye anasikiliza wanavyomsema. Basi Tsuyako aliwaambia wageni kwamba siku jeshi la bwana mkubwa lilipoondoka kwenda vitani kaskazini, babu wa kale wa Arimura, samurai Kagemichi, alikuwa mle chooni anaharisha. Wenzake wakapita wakamwita, akajibu, "Nakuja!" Wakaita tena, "Nakuja!" Aliendelea kusema nakuja mpaka vita vikaisha. Wageni walicheka wakashikana mabega. Na ukuta wa Arimura ni mfupi.

Ndiyo maana leo walipofika kwenye lango lile Tsuyako alipita haraka, kichwa chini.

"Hiki kibanda ni cha nini?" Hisano akauliza.

"Choo. Twendeni."

"Choo mlangoni? Bibi, hapa lazima pana hadithi!"

"Hapana hadithi. Twendeni, mama, twendeni."

Wakakata kona ya ukuta wa ndani, na hapo Tsuyako akasimama ghafla mpaka Teruo akamgonga mgongoni. Katikati ya njia, juu ya jiwe la kukanyagia, palikuwa pamewekwa jiwe dogo la mviringo, limefungwa kamba nyeusi kama kifurushi, fundo lake juu.

Jiwe lenyewe lilikuwa na ukubwa wa embe. Mtu angeweza kulisogeza kwa kidole cha mguu, au kupanua hatua akapita. Lakini jiwe lililofungwa kamba hivyo ni neno la mwenye nyumba, naye amesema: usipite. Hata wale watu wa Osaka, waliokuwa wakimtania kila mtu tangu asubuhi, walipoliona walinyamaza wakajipanga nyuma yake kama mbele ya mto uliofurika.

"Tumefungiwa," Teruo akasema. Lilikuwa neno lake la kwanza siku hiyo.

Tsuyako akautazama ule ukuta mfupi. Amesikia. Mzee Arimura amesikia kila neno, na kwa kuwa ni muungwana hakupiga kelele, ameweka jiwe. Kesho atakwenda kwa Bwana Moriguchi. Keshokutwa ni ramani na maegesho, na jua la kiangazi, na madereva wanaouliza choo kiko wapi.

"Labda amelala tu, bibi," Hisano akamfariji. "Tupige hodi?"

"Hapana. Ni mimi. Kosa ni langu."

Akavua kofia yake ya ukindu. Akapiga magoti palepale mbele ya jiwe, suruali yake ya kazi ikilowa umande, akainamisha paji la uso karibu na changarawe, akaielekea ile milango ya karatasi iliyofungwa ng'ambo ya bwawa.

"Mzee Arimura!" akaita. "Ni Nejime! Nimekuja kuomba radhi! Nilikosa adabu kubwa kusema kwamba babu yako mtukufu hakwenda vitani kwa sababu ya kuharisha! Nilikosa adabu kuigiza sauti yake! Na ile ya kwamba aliishiwa majani ya kujipangusia akachana barua ya bwana mkubwa, hiyo niliongeza mwenyewe, haina ushahidi wowote!"

Nyuma yake kundi zima lilikuwa limebana pumzi. Mtu mmoja akakoroma puani kwa kicheko, akakanyagwa mguu.

Mlango wa karatasi ukafunguliwa taratibu. Mzee Arimura akatokea, mrefu, mkavu, shavu moja limevimba, mkononi ana kopo la dawa ya wadudu.

"Ulisema nini?" akauliza.

"Naomba radhi, mzee, kwa niliyoyasema hapa langoni wiki iliyopita."

"Wiki iliyopita sikuwapo. Nilikuwa Kagoshima kwa binti yangu, nang'olewa jino." Akanyoosha kopo kuelekea taa ya jiwe iliyokuwa kando ya njia. "Nyigu wamejenga mle ndani. Nimeweka jiwe wasije wakawauma wageni wako. Nilikuwa natoka nje niwaonyeshe njia ya uani."

Tsuyako aliendelea kutazama changarawe, maana hapakuwa na mahali pengine pa kuweka macho. Kumbe alikuwa amejipeleka mwenyewe mahakamani, akajishitaki, akajishuhudia, na hakimu hata hakuwa na kesi.

"Uwiii, bibi," Hisano akasema kwa huruma.

"Simama, Nejime," Mzee Arimura akasema. "Pitieni huku, wote. Viatu mvulie hapo. Wewe kaa hapa mbele yangu. Sasa rudia."

"Nirudie nini, mzee?"

"Hicho kisa. Chote. Kama ulivyowasimulia."

Walikaa kwenye baraza ya mbao, bwawa mbele yao. Tsuyako akaanza kwa sauti ya mgonjwa. Lakini mdomo una mazoea yake. Alipofika kwenye "Nakuja!" ya kwanza sauti ikamtoroka, ya pili akaitoa kwa kukunja uso, na ya tatu ilitoka na mkono tumboni. Hisano akaanguka ubavuni mwa mumewe kwa kicheko. Teruo alikuwa anatikisika kama lori linalowashwa. Mzee Arimura peke yake hakucheka. Shingo yake ilikuwa ikipanda wekundu kidogo kidogo.

"Uongo!" akasema, akapiga kiganja sakafuni. "Uongo mtupu! Kuharisha! Ukoo wa Arimura hatujawahi kuharisha!"

"Samahani, mzee."

"Kagemichi alikuwa mzima kama ng'ombe! Aliingia mle chooni kusikiliza! Jeshi linapita langoni, alitaka kusikia wenzake wanamsemaje, kama ni shujaa au vipi. Na unajua alisikia nini?"

Hisano akasogeza sikio.

"Alisikia mmoja anasema, 'Arimura naye anakuja?' Mwingine akajibu, 'Mungu apishe mbali, anakoroma.'" Mzee alishusha pumzi. "Basi. Akanuna. Akajifungia. Wakaita, hakujibu hata 'nakuja', hakujibu kabisa! Jeshi likaenda, likarudi, yeye bado kanuna. Miaka saba hakusema na mtu wa mtaa huu. Kazi yake ikawa kuchimba bwawa hili na kubeba udongo wa vilima vile, ili wale wenzake wakipita wachungulie waone wivu. Bustani yote hii mnayoitazama ni kununa!"

Watu wakaitazama. Vilima, maji, ua wa michai uliokatwa kwa hasira ya kale, kila jani mahali pake.

"Jamani," Hisano akasema polepole, "mume wangu akininunia huwa anakwenda kucheza kamari. Kumbe ningeweza kupata bwawa!"

Teruo akainamisha kichwa. Hapo ndipo Mzee Arimura alipocheka, akashika shavu lake lililovimba, akalia kwa maumivu, akacheka tena.

Tsuyako akaona mlango wa msamaha umefunguka kidogo, akaingiza mguu. "Mzee, kwa hiyo kwa mwenyekiti..."

"Kwa mwenyekiti nifuate nini? Nikamwambie babu yangu hakuharisha? Lakini nina sharti." Alijiweka sawa, akakaa wima kama picha ya ukoo. "Wewe kisa hiki hukijui. Leta wageni wako kama kawaida, ila hapa kwangu msemaji ni mimi. Wewe utakaa."

"Nitakaa, mzee."

"Kimya."

Hilo lilimchoma, lakini akaitikia kwa kichwa.

Mzee akafurahi. Akakohoa, akaanza upya, safari hii kuanzia baba yake Kagemichi, kisha babu yake, halafu kila jiwe la bustani lilitoka mto gani, nani alilibeba, na nani aliumia mgongo. Sauti yake haikupanda wala haikushuka. Jua likahama kutoka bwawani likaja magotini mwao. Yule jirani akatoa tena simu yake. Teruo akasinzia akiwa ameketi, mdomo wazi. Tsuyako alikunja mikono, akauma ndani ya mashavu yake, kwa sababu mara tano alikuwa na la kusema, na yote matano yalikuwa mazuri sana.

Hisano akamwegemea. "Bibi," akanong'ona, na kwa mara ya kwanza alinong'ona kweli, "duka la soba linafungwa. Huyu huwa anamaliza saa ngapi?"

"Sijui, mama," Tsuyako akasema. "Hata mimi hapa leo ni mgeni."